Maswali ya Wasomaji: Mtoano wa Mwisho wa Msimu katika Kikapu cha Vyuo

Machi ndio mwezi ambao vyuo vya Marekani hufunga ligi zao za mpira wa kikapu kwa mtoano wa siku chache, na ndio mwezi barua zenu kuhusu mchezo huu huongezeka. Safari hii nyingi zimetoka Kisumu, Kakamega, Bondo na Bungoma, na nyingine Nakuru. Wapo wanaouliza kama watazamaji tu, na wapo wanaotaka kuandaa mtoano wao wenyewe. Hao wa pili tumewapa nafasi kubwa zaidi.

Mhariri, kila Machi mimi na wenzangu hutazama kikapu cha vyuo vya Marekani. Timu moja inaingia mashindano ya taifa ikiwa imeshindwa mechi nyingi kuliko ilizoshinda, nyingine yenye ushindi zaidi ya 20 inaachwa nje. Haki iko wapi? — Mpenzi wa kikapu, Kondele, Kisumu

Vyuo vya daraja la kwanza kule vimegawanyika katika miungano, na kila muungano una ligi yake. Ligi ikiisha, timu za muungano hukutana katika mtoano, na mshindi hupata tiketi ya moja kwa moja ya mashindano ya taifa. Machi 2025 timu zilikuwa 68: 31 ziliingia kwa tiketi hizo, na 37 zilichaguliwa na kamati inayopima ugumu wa mechi ambazo kila timu imecheza. Muungano mkubwa unaweza kupeleka timu nyingi kupitia kamati. Muungano mdogo kwa kawaida hupata nafasi moja tu, kwa hiyo anayeibuka mshindi wa mtoano ndiye anayekwenda, hata rekodi yake ikiwa mbaya. Mwaka 2014 Cal Poly ilitwaa mtoano wa Big West na kuingia ikiwa na ushindi 13 na hasara 19.

Zamani mambo yalikuwa makali zaidi. Mwaka 1974 North Carolina State iliishinda Maryland 103 kwa 100 katika muda wa ziada, fainali ya muungano wa ACC. Maryland ilikuwa miongoni mwa timu bora nchini humo, lakini kila muungano ulipeleka timu moja tu, basi ikabaki nyumbani. Mwaka uliofuata mashindano ya taifa yalipanuliwa hadi timu 32 na muungano ukaruhusiwa kupeleka zaidi ya moja.

Si miungano yote iliyopenda mtoano. Ivy League ilimpa tiketi bingwa wa ligi hadi 2016. Ilipoanza mtoano 2017 iliingiza timu nne za juu pekee. Tena kushinda fainali peke yake hakutoshi kama kanuni zinakuzuia. Mwaka 2023 Merrimack iliishinda Fairleigh Dickinson 67 kwa 66 katika fainali ya muungano wao, lakini ilikuwa bado katika kipindi cha kupanda kutoka daraja la pili, kwa hiyo haikustahili kwenda. Fairleigh Dickinson ikaenda badala yake, na huko ikaiangusha Purdue 63 kwa 58.

Kwa maoni yetu mtoano ni wa haki pale tu miezi ya ligi inapokununulia kitu. Tazama muungano wa WCC: mwaka 2025 timu mbili za juu ziliingia moja kwa moja nusu fainali, wakati timu za chini zililazimika kupanda raundi baada ya raundi. Aliye mkiani bado ana njia, lakini njia yake ni ndefu. Mtoano unaoanza kila timu ikiwa sawa, kana kwamba ligi haikuchezwa, hatuwezi kuutetea.

Wahariri, sisi ni vyuo kumi vya Nyanza, Magharibi na Nakuru. Ligi yetu ya wanaume na ya wanawake huisha bila kilele. Tunataka mtoano wa siku nne Kakamega, timu zote ziingie. Tuna viwanja viwili vya saruji, havina taa. Tupange vipi? — Mwalimu wa michezo, Kakamega

Mwalimu, anza na hesabu. Kila mechi ya mtoano huondoa timu moja, kwa hiyo timu 10 zinahitaji mechi 9 ili abaki bingwa. Wanaume na wanawake pamoja ni mechi 18. Kisha tafuta namba inayofuata katika mfululizo wa 2, 4, 8, 16. Kwenu ni 16. Toa 10, unabaki na 6: hizo ni timu sita za juu zinazovuka raundi ya kwanza bila kucheza. Raundi ya kwanza ni nambari 7 dhidi ya 10, na 8 dhidi ya 9.

Robo fainali: nambari 1 anamsubiri mshindi wa 8 na 9, nambari 2 anamsubiri mshindi wa 7 na 10, halafu 3 dhidi ya 6, na 4 dhidi ya 5. Upande wa nambari 1 unakutana na upande wa 4 na 5 katika nusu fainali. Upande wa nambari 2 unakutana na wa 3 na 6. Kuna njia rahisi ya kukagua kama hujakosea: ukijumlisha nafasi za wapinzani, raundi ya kwanza kila mechi ilete 17, robo fainali ilete 9, nusu fainali ilete 5, ukichukulia kwamba timu ya juu imeshinda. Timu ya chini ikishinda, inachukua nafasi ya timu iliyoshindwa kwenye jedwali na mambo yanaendelea. Usipige kura upya baada ya raundi yoyote. Kura kwenye kofia ndiyo inayoua mitoano mingi ya shule na vyuo: nambari 1 na nambari 2 wanakutana robo fainali, na msimu mzima unapotea mchana mmoja.

Sasa muda. Mechi ya kanuni za FIBA, shirikisho la kikapu duniani, ni dakika 40 za kucheza, lakini saa husimama kila filimbi inapolia. Ongeza mapumziko ya dakika 2, 15 na 2 kati ya robo, na mapumziko mafupi ya makocha, ambayo yanafika matano kwa kila timu. Ongeza pia dakika za kupasha misuli. Panga saa mbili kwa kila mechi na usikubali mtu akushawishi ziwe saa moja na nusu. Alhamisi ni mechi 4, Ijumaa 8, Jumamosi 4, Jumapili fainali 2. Ijumaa ndiyo siku ngumu: kila uwanja una mechi nne, zianze saa mbili asubuhi, saa nne, saa sita na saa nane, mmalize saa kumi. Jua linazama muda mfupi kabla ya saa moja, na mvua ya Kakamega hupenda kuja alasiri. Saa mbili zinazobaki ni akiba ya mvua na ya muda wa ziada. Muda wa ziada ni dakika 5 na hurudiwa hadi apatikane mshindi, hakuna ukomo. Katika robo fainali ya muungano wa Big East mwaka 2009, Syracuse na Connecticut zilicheza vipindi sita vya ziada, yaani dakika 70 kwa jumla, hadi Syracuse ikashinda 127 kwa 117. Wao walikuwa na taa, ninyi hamna.

Nambari 1 mpe mechi ya asubuhi Ijumaa, apumzike kwa muda mrefu zaidi kabla ya Jumamosi. Hiyo pia ni sehemu ya malipo ya ligi.

Waamuzi: mechi 8 za Ijumaa kwa waamuzi wawili wawili ni zamu 16. Ukiwa na waamuzi wanane, kila mmoja anachezesha mechi mbili. Ukiwa na sita wengine watafika mechi tatu, na filimbi ya mechi ya tatu huchelewa kwa sababu miguu imechelewa kufika. Mezani weka watu wanne kwa kila mechi: mwandishi, msaidizi wake, mpima muda na wa saa ya sekunde 24, yaani muda wa kila shambulizi. Usimwombe mchezaji wa timu iliyotolewa asubuhi akaandike mechi ya mchana; karatasi ya matokeo ndiyo ushahidi pekee mtakaokuwa nao. Wape makocha taarifa mapema kwamba nahodha anayetaka kukata rufaa lazima amwarifu mwamuzi mkuu na kutia sahihi ndani ya dakika 15 baada ya mechi kuisha. Baada ya hapo mlango umefungwa.

Pima uwanja wiki mbili kabla. Ringi iwe mita 3.05 kutoka sakafuni, na uipime mbele na pande zote mbili, kwa maana ringi za vyuo huinama kwa kuning'iniwa. Mstari wa mitupo huru ni mita 4.60 kutoka usawa wa ubao. Mstari wa pointi tatu ni mita 6.75. Kama uwanja ulichorwa kabla ya 2010, kuna uwezekano mkubwa bado una ule wa zamani wa mita 6.25, na mistari miwili ya rangi moja ni ugomvi uliokwisha kuandaliwa. Futa mmoja.

La mwisho kwako, na pengine ndilo kubwa: mamluki. Funga orodha ya wachezaji 12 wa kila timu kabla ya wiki ya mwisho ya ligi, dai kitambulisho cha mwanafunzi mezani, na weka sharti kwamba mchezaji awe amecheza angalau mechi 3 kati ya 9 za ligi. Bila sharti hilo mtaona sura mpya Alhamisi asubuhi.

Ligi yetu imeisha timu tatu zikiwa na alama sawa. Kila kocha ana hesabu yake. Ipi ni sahihi? — Katibu wa michezo, Bungoma

Katibu, FIBA hutoa alama 2 kwa ushindi, 1 kwa kushindwa, na 0 kwa timu isiyotokea. Timu zikilingana, tazama kwanza mechi walizocheza wao kwa wao tu. Zikilingana hapo, tofauti ya pointi katika mechi hizohizo. Kisha pointi walizofunga katika mechi hizohizo. Baada ya hapo tu ndipo unageukia tofauti ya pointi ya ligi nzima.

Tuziite A, B na C. A imeifunga B 70 kwa 62, B imeifunga C 58 kwa 55, C imeifunga A 66 kwa 61. Kila moja ina ushindi mmoja na hasara moja. Tofauti: A ina jumlisha 8 toa 5, yaani +3. C ina toa 3 jumlisha 5, yaani +2. B ina toa 8 jumlisha 3, yaani −5. Mpangilio ni A, C, B. Kocha wa B atasimama aseme, "Lakini sisi tuliifunga C!" Ni kweli, ila hatua ya tofauti ya pointi imezitenganisha timu zote tatu kwa pamoja, kwa hiyo hakuna kurudi nyuma. Kurudi kungekuwapo kama A peke yake ingejitenga na B na C zikabaki sawa. Hapo mechi yao wawili ndiyo ingeamua. Mkijumlisha tofauti za timu zote tatu lazima mpate sifuri. Msipopata, mtu ameandika tokeo vibaya.

Kosa linalorudiwa kila mwaka ni kuanza na tofauti ya ligi nzima. Linamzawadia kocha aliyeendelea kuishindilia timu dhaifu pointi 60. Miungano mingi ya Marekani haitumii kabisa tofauti ya pointi: zikilingana, hutazama mechi zao, kisha nani alifanya vizuri dhidi ya timu ya kwanza kwenye msimamo, ya pili, wakishuka hadi mmoja ajitenge. Mkipenda njia hiyo itumieni, mradi iandikwe na kutiwa sahihi kabla ya mechi ya kwanza ya ligi.

Binti yangu anachezea chuo chake. Huenda wakacheza siku nne mfululizo Kisumu. Ale nini, na nitajuaje anachoshwa kupita kiasi? — Mama, Bondo

Mama, siku nne zinawezekana. Mwaka 2024 North Carolina State ilishinda mechi tano kwa siku tano ikatwaa mtoano wa ACC, na Connecticut ilifanya vivyo hivyo 2011 katika Big East, kisha ikawa bingwa wa taifa. Lakini hao walicheza ndani ya kumbi, wakiwa na madaktari. Saruji ya Kisumu saa saba mchana inataka uangalifu wa aina nyingine.

Mlo mkuu uwe saa tatu au nne kabla ya mechi: wali au ugali wa kiasi, mboga, samaki asiye na mafuta mengi. Vya kukaanga visubiri jioni. Saa moja kabla, ndizi mbivu moja au mbili zinatosha. Baada ya mechi asingoje kurudi bwenini. Apate maziwa au mala na viazi vitamu vilivyochemshwa mara tu joto la mwili linapotulia, kwa sababu misuli hujijaza upya haraka zaidi katika saa hizo za kwanza.

Maji: nusu lita saa mbili kabla ya mechi, kisha mafunda machache kila mapumziko. Kama jasho lake huacha chumvi nyeupe kwenye jezi, maji matupu hayatoshi. Mtengenezee mchanganyiko: lita moja ya maji safi, vijiko 6 vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi, vyote viwe bapa. Usizidishe chumvi kwa kudhani itasaidia zaidi, itamtapisha.

Muulize kocha kwa heshima anavyogawa dakika. Mechi moja ina dakika 200 za kugawana wachezaji wa timu (watano uwanjani kwa dakika 40), na orodha ina watu 12. Mchezaji anayecheza dakika 38 Alhamisi na Ijumaa hafiki Jumapili akiwa na miguu. Sisi tungependa siku mbili za kwanza asizidi 30. Dalili ndogo ni mitupo inayopungukia mbele ya ringi na kushika magoti mchezo unaposimama. Dalili za hatari ni kuchanganyikiwa, kutapika, au ngozi yenye moto huku ameacha kutoka jasho: atolewe, awekwe kivulini, alowanishwe mwili mzima kwa maji baridi na apelekwe hospitali papo hapo.

Na asivae viatu vipya siku ya kwanza ya mashindano. Malengelenge nayo humtoa mchezaji uwanjani.

Mechi za miungano ya Marekani zinaonekana saa ngapi huku? — Mtazamaji, Nakuru

Kuanzia Jumapili ya pili ya Machi, saa za Nakuru ziko mbele ya New York kwa saa 7. Kabla ya hapo ni 8. Mechi ya saa sita mchana kule ni saa moja jioni kwako, kwa hiyo robo fainali za mchana ndizo unazoweza kuziona ukiwa macho kabisa. Mechi ya saa moja jioni ni saa nane usiku. Orodha ya timu za mashindano ya taifa hutangazwa Jumapili jioni yao, ambayo ni usiku wa kuamkia Jumatatu hapa, karibu saa saba.

Mvua ikikatiza mechi tuanze upya? — Kocha, Kisumu

Hapana, kocha. Mwandishi aandike papo hapo matokeo, muda uliobaki, faulo za kila mchezaji, faulo za timu na mshale wa umiliki (unaoonyesha timu itakayopewa mpira unaogombewa), waamuzi watie sahihi, na mchezo uendelee kutoka hapo. Kuanza upya kunamnyang'anya aliyekuwa akiongoza. Kanuni hii iandikwe kabla, kwa sababu mvua ikishanyesha kila mtu huwa na sababu yake.

Uwanja ukilowa, sukumeni maji kwa ufagio wa mpira, kisha kausheni kwa magunia chini ya ringi zote mbili kwanza, mahali wachezaji wanaporuka na kutua. Msimwage mchanga, punje juu ya saruji huteleza kuliko maji. Mwamuzi akimbie na kukata kona mwenyewe kabla ya kuruhusu mchezo. Mpira wa ngozi uwekwe kando, tumieni wa raba.

Mdogo wangu amepata nafasi ya kucheza chuo cha Marekani. Ni kanuni zipi zitamsumbua? — Msomaji, Njoro

Wanaume wa vyuo kule hucheza vipindi viwili vya dakika 20, wanawake robo nne za dakika 10. Saa ya kushambulia ni sekunde 30, nasi tunatumia 24, kwa hiyo atakuta mashambulizi yaliyopangwa kwa muda mrefu na ulinzi unaodai subira. Kwa wanaume, faulo ya saba ya timu katika kipindi humpa mpinzani mtupo mmoja, na wa pili akipata wa kwanza; kuanzia ya kumi ni miwili. Huku mitupo miwili huanza faulo ya tano ya robo. Faulo tano binafsi zinamtoa kote kuwili. Ajizoeze mtupo huo wa kwanza akiwa amechoka, maana akiukosa mpira uko hewani na kila mtu anaugombea.

Mipira yetu hujazwa vizuri Nakuru, ikifika Kisumu inadunda chini. Imetoboka? — Meneja wa timu, Nakuru

Meneja, huenda ni nzima. Nakuru iko juu ya usawa wa bahari kwa takriban mita 1,850, Kisumu takriban 1,130. Kadiri mnavyoshuka hewa ya nje huukandamiza mpira zaidi, kwa hiyo ule uliokuwa mgumu Nakuru hulegea kidogo. Mkirudi juu huwa mgumu tena. Beba pampu na sindano ya akiba, lowanisha sindano kabla ya kuichomeka ili isichane vali, na pima ukiwa uwanjani. Angusha mpira ukiwa upande wake wa chini uko mita 1.80; upande wake wa juu urudi kati ya mita 1.20 na 1.40. Fanya hivyo asubuhi, kisha tena kabla ya mechi ya mchana, kwa kuwa jua la Kisumu nalo huongeza msukumo wa hewa ya ndani.